Mlango wa Uani kwa Bi Kulthum

Mnapokuja kunisalimia hapa kwangu Ilala, nyinyi vijana mlioingia kazi ya udalali wa mahakama, chai haijapoa mnaniuliza swali lile lile. "Bibi, siku ngumu kuliko zote ilikuwa ipi?" Nawaona macho yanavyowang'aa. Mnataka niwasimulie mbwa waliofunguliwa, maji yaliyomwagwa kutoka ghorofani, bwana aliyepanda juu ya bati akagoma kushuka. Hayo yalikuwepo, na mengine nikiyakumbuka nacheka peke yangu mpaka majirani wanachungulia. Lakini siku yangu ngumu ni moja ambayo hakuna mtu aliyepaza sauti. Ilikuwa asubuhi, Kariakoo, mvua imekatika, na mbele yetu kulikuwa na ukuta.

Nitafika huko. Siku hizi sisimulii kwa mstari ulionyooka. Nikikaa kibarazani baada ya adhuhuri, jua likipenya kwenye nguo zilizoanikwa, miaka inakuja inavyotaka yenyewe, ya zamani inakaa mbele ya ile ya juzi, na mimi naiacha tu.

Nilianza nikiwa mpiga chapa masjala, kwenye mahakama moja katikati ya mji. Huko ndiko nilikojifunza kwamba hukumu ikishasomwa na mawakili wakishafunga mikoba yao, kazi bado haijaisha. Mtu ameshinda, sawa, lakini alichoshinda bado kiko kwa mwenzake. Kwenda kukichukua, au kuhakikisha kilichoamriwa kinafanyika, ndiko kunakoitwa kukazia hukumu. Nikamwambia Mzee Shomari, dalali aliyekuja kunichukua masjala nikawe msaidizi wake, kwamba neno hilo linanifanya nifikirie skrubu.

"Ni skrubu kweli, Mwantumu," akasema. "Usipoikaza, kiti kinaonekana kizima. Mgeni akikikalia, yuko chini."

Mzee Shomari alikuwa mwembamba, kofia ya kiua kichwani, sauti ya chini hata ukidhani anasinzia. Hakuwahi kuingia nyumba ya mtu na amri mkononi kabla hajasalimia kila aliyemo, mpaka mgonjwa aliyelala chumba cha ndani. Alivaa viatu visivyo na kamba, vya kuvua haraka, maana hutaki kuinama mlangoni kwa mtu aliyekasirika. Maji ukipewa kunywa, chakula usile. Karatasi usome umesimama kivulini, polepole, kila neno, hata kama wanaosikiliza wanaijua. Na fundi wa kufungua kitasa au kuvunja chochote usimchukue mtaa ule ule. Fundi wa jirani anaogopa kununiwa, anafikiria kesho atanunua wapi chumvi.

Siku moja tulitumwa kwenda kumrudisha kasuku. Msicheke, makubaliano yalihusu kasuku, mahakama ikayapa nguvu. Bwana mmoja alikubali mbele ya msuluhishi kumrudisha ndege kwa dada yake. Tukaenda, tukapiga hodi. Sauti kutoka ndani ikajibu, "Hayupo!" Tukageuka. Tukarudi siku nyingine, hodi, "Hayupo!" Mzee Shomari akaandika taarifa kwamba ndani yumo mtu asiyetoa ushirikiano. Safari iliyofuata mlango ulikuwa wazi kidogo kwa joto, nikachungulia. Yule asiyetoa ushirikiano alikuwa kwenye tundu, kijivu, mkia mwekundu, ananitazama kwa jicho moja. Bwana alimfundisha awajibu watu anaowakimbia. Mzee Shomari alikaa chini kwenye ngazi akacheka bila sauti, mabega yanatetemeka, mpaka kofia ikamdondoka.

Nawaambia haya ili mjue kwamba hata kicheko kimo. Lakini katika hukumu zote, zilizonikaa rohoni ni hizo za makubaliano. Hapo hakimu hakumwambia mtu umeshindwa. Wenyewe wamekaa mezani na msuluhishi, wamesema yao, pengine wamelia, wakaandika, wakatia saini, mahakama ikapiga muhuri ikawa amri kama amri nyingine. Ungedhani hizo ndizo rahisi. Wapi! Aliyeshindwa kesi ana hasira, na hasira ina mwisho wake. Aliyekubali kwa mdomo huku moyo umebaki nyuma, huyo atakuahirishia mpaka uzeeke. Atakuambia baada ya mfungo. Atakuambia baada ya mvua. Na kila anachokuambia kina adabu ndani yake, huna pa kumkamatia.

Ndivyo alivyokuwa Nassoro.

Wakati huo Mzee Shomari alikwisha kufariki, Mungu amrehemu, na mimi nilikuwa na leseni yangu mwenyewe. Nassoro alikuwa muuza vitambaa Kariakoo, mtu mzima, ndevu zimeanza mvi, anayekunja kitambaa kwa upole kama anamfunika mtoto. Duka lake lilikuwa mbele ya nyumba ya marehemu baba yao, nyumba ya chini ya kizamani, vyumba huku na huku na uani katikati. Ghorofa zilishaizunguka pande tatu. Mchana mwanga ulishuka uani polepole kama maji yanayomiminwa mtungini. Nje barabarani wapagazi wanapiga kelele "Pisha! Pisha!", spika zinatangaza viatu na masufuria, lakini ukiingia pale uani ukasimama, yale yote yanakwenda mbali, unasikia njiwa tu wakitembea juu ya bati.

Baba alipofariki nyumba iligawanywa. Upande wa dukani akapewa Nassoro, ambaye alikuwa anaishi na mama yao, Bi Kulthum. Upande wa nyuma, unaotokea uchochoroni, akapewa dada yake, Zuhura, aliyekuwa ameolewa Tanga. Uani wakaachiwa wote. Mambo yakaenda hivyo miaka, mpaka Zuhura alipofiwa na mume akarudi Dar. Ili apate kuishi akapangisha vyumba vyake kwa wafanyabiashara wawe na stoo. Asubuhi na jioni wanaume wasiojulikana wakawa wanakatiza uani na mizigo, pale pale Bi Kulthum anapoketi kwenye mkeka kuota jua. Nassoro akasema. Zuhura akajibu. Maneno yakazidi, yakaingia mpaka yale ya utotoni, na siku moja Zuhura aliporudi kutoka sokoni alikuta mafundi wamejenga ukuta wa tofali katikati ya uani, mrefu kuliko mtu, na mama yake yuko upande wa pili.

Pale ndipo kesi ilipoanzia. Mahakama ikawapeleka kwa msuluhishi, wakakubaliana vizuri kabisa. Zuhura ataondoa stoo, hataweka tena watu wa nje. Nassoro atafungua mlango kwenye ule ukuta, na Zuhura atapita hapo kwenda kwa mama yake mchana wowote anaotaka. Wakatia saini. Zuhura akawaondoa wapangaji wake kabla wiki haijaisha, akaanza kushona mashela ya maharusi ili aishi. Kisha akakaa kungoja mlango.

Nassoro hakufungua. Na dukani pia hakumruhusu apite. Nilimuuliza mwenyewe siku ya kwanza nilipompelekea wito wa mahakama.

"Kwa nini asipite mlango wa mbele wakati mafundi hawajaja?"

"Dada Mwantumu," akanijibu kwa heshima, mkono kifuani, "tulikubaliana atapita mlango wa uani. Mimi naheshimu makubaliano."

"Na mlango wa uani hakuna."

"Bado. Inshallah."

Amechukua yale makubaliano yenyewe akayafanya komeo.

Wito ule ulitokana na Zuhura kuomba mahakama ikazie hukumu. Jalada likaanza safari ambazo nyinyi wa siku hizi mtazisikia kama hadithi. Hakimu alihamishwa. Masjala ikahamia chumba kingine, jalada likapotea, likaonekana. Nassoro akaugua, na aliugua kweli. Wakili wake akaomba muda. Akajitokeza binamu mmoja kudai ukuta nao una haki zake, sikumbuki vizuri alisemaje, lakini alisikilizwa kwa kirefu. Mara moja nilipata amri mkononi, nikamchukua fundi wa Magomeni, na siku hiyo Jangwani ikajaa maji, barabara ikafungwa, fundi yuko ng'ambo anaangalia mto mahali palipokuwa na lami jana. Nilipomsubiri Kariakoo mpaka jua likaelekea kuzama, wakili wa Nassoro alikwisha kwenda mahakamani akapata zuio. Tangu hapo mafundi wangu niliwatafuta Buguruni. Huko hukatishwi na bonde.

Mara nyingi nilimpitia Zuhura. Alikuwa mwanamke mnene wa wastani, mchangamfu wa asili ila uchangamfu umefunikwa, kama taa yenye kitambaa juu. Cherehani yake aliiweka uani, imeegemea ule ukuta, na shela nyeupe zilining'inia juu yake zikipepea. Alasiri aliacha kushona, akaweka sikio ukutani.

"Njoo usikilize," aliniambia mara ya kwanza.

Nikaweka sikio. Tofali lilikuwa la moto kwa jua. Upande wa pili nikasikia kikohozi kidogo, kisha mtu anavuta mkeka, kisha sauti ya bibi anaongea peke yake au na njiwa, maneno hayashikiki, kama redio ya nyumba ya mbali.

"Anasema nini?"

"Zamani nilikuwa namsikia vizuri. Ananiita. Zuhura, Zuhura, uko wapi, jua linakuchwa. Nami naitika kwa nguvu mpaka koo linauma, na yeye ananijibu, tunaongea hivyo. Siku hizi nikiita, ananyamaza kwanza. Halafu anauliza, nani huyo?"

Alisema bila kulia. Aliokota pini iliyoanguka, akaichomeka kwenye mto wa pini, akarudi kushona.

Mnajua, kuna kazi ambazo kuchelewa ni usumbufu tu. Gari likikaa gereji linabaki gari. Lakini mle uani nilianza kuona kwamba kile kilichoandikwa kwenye makubaliano kilikuwa kinapungua kila siku, kinayeyuka, na muhuri wa mahakama uko pale pale juu yake, mwekundu, mzima.

Ndipo akaja hakimu mfawidhi mpya. Simtaji jina, yuko kazini bado, na hapendi kusifiwa. Alikuwa mfupi, mwenye miwani inayoteleza, na wiki zake za mwanzo hakufanya kingine ila kutembea masjala akishusha majalada na kusoma amesimama. Akatuita sote: makarani, wapeleka samansi, sisi madalali. Tukadhani tunakwenda kugombezwa.

"Haya yote ni makubaliano," akasema, mkono juu ya rundo. "Hawa watu walishamaliza kugombana. Nani anaendelea kugombana? Ni sisi."

Karani mmoja akalishika rundo lisipeperuke. Feni ilikuwa inazunguka.

Akatoa maelekezo yake kwa maandishi. Hukumu za makubaliano zitengwe rafu yake. Ombi la kuzikazia likiletwa, lifike mezani kwake siku hiyo hiyo. Anayepinga aitwe mara moja, aeleze kwa nini alichokubali mwenyewe kisifanyike, na kuhama kwa hakimu, kupotea kwa karatasi au fundi kukosekana visihesabiwe kuwa sababu. Dalali akipewa amri, apewe na siku, na akishatoka huko arudi kumwona yeye ana kwa ana, amwambie kilichotokea. Mkitaka kujua kwa nini kazi yenu leo inakwenda mbio, kwa upande wetu ilianzia kwenye rafu ile.

Nassoro aliitwa. Nilikuwepo. Hakimu akamsomea makubaliano yake mwenyewe, akamuuliza kama saini ni yake.

"Ni yangu, Mheshimiwa."

"Ulilazimishwa?"

"Sikulazimishwa."

"Una sababu gani ya kutofungua?"

Nassoro alimtupia karani jicho. Ilionekana anayo sababu, nzima, iko pale kooni, lakini haikuwa ya aina ambayo mtu anaisema mbele ya karani anayeandika. "Sina, Mheshimiwa," akasema.

Basi amri ikatoka: dalali aende na fundi, afungue mlango.

Asubuhi ile nilikatiza viwanja vya Mnazi Mmoja kwa miguu, amri ndani ya mkoba. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha ikakatika alfajiri. Nyasi zilikuwa zinafuka mvuke, watu wanapita ndani yake kuelekea kazini, unaona vichwa na mabega tu, kama wanaelea. Nikawaza, wote hawa wana mahali wanapofunguliwa mlango. Sikuwa na kawaida ya kuwaza hivyo nikienda kazini. Nilikaribia kugongana na mkokoteni wa maji.

Fundi Chande kutoka Buguruni alinisubiri uchochoroni na nyundo yake, tindo, na fremu ya mlango aliyoipaka rangi ya kijani. Alikuwa mtu wa maneno machache, pumzi nyingi. Mwenyekiti wa serikali ya mtaa alikuja kushuhudia. Sheria ilitutaka tuanzie kwa mwenye kuamriwa, kwa hiyo tukazunguka mbele, dukani.

Nassoro alikuwa hajafungua duka. Alitupokea mlangoni, kanzu safi, amenyoa.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Umeamkaje, Nassoro? Mama ameamkaje?"

"Mama amelala. Karibuni."

Tukavua viatu. Tukapita kati ya majora ya vitambaa mpaka uani, upande wake, ambao mimi sikuwahi kuuona. Maji ya mvua yameshafagiwa. Chini ya ukuta kulikuwa na mkeka, mto, kikombe cha plastiki chenye kifuniko, na kiti chenye tundu katikati cha mgonjwa, kimesuguliwa kinang'aa. Kamba ya nguo ilikuwa na kanga za kizee na mashuka, mengi, yameanikwa kwa mpangilio. Hakukuwa na mwanamke mwingine nyumbani mle. Mashuka yale alifua nani? Nikamtazama Nassoro mikononi, nikaona ngozi ya vidole ilivyokauka kwa sabuni.

Nikasimama kivulini nikasoma amri, neno kwa neno. Nikamaliza.

"Umesikia?"

"Nimesikia."

"Fundi ataanza."

"Dada," akasema, "nipe muda nikuambie jambo moja."

Sasa sikilizeni, wanangu, maana hapa ndipo ujuzi wote ulipo. Mtu akikuomba umsikilize, msikilize. Amri haikukatazi masikio. Lakini usisimamishe kazi. Nilimpa ishara Fundi Chande, akaweka tindo ukutani akagonga la kwanza, na mimi nikakaa kwenye kizingiti karibu na Nassoro.

"Sema."

Alisubiri nyundo ipumzike kati ya pigo na pigo. Yote aliyasema hivyo, vipande vipande.

"Miaka nane Zuhura yuko Tanga, mimi niko na mama. Namwogesha. Namlisha uji. Usiku namgeuza." Nyundo. "Mwanamke wa kuajiri hamtaki, anapiga kelele. Mke wangu alichoka, akaenda kwao, simlaumu." Nyundo. "Na kutwa mama ananiita mimi nani? Ananiita bwana. Wewe bwana, nipe maji. Wewe bwana, Zuhura amerudi shule? Kutwa ni Zuhura, Zuhura." Tofali likadondoka, vumbi likapanda kwenye mwanga. "Ukuta huu, dada, nilisema nimejenga kwa sababu ya wapagazi. Ni kweli. Lakini ulipokwisha nikakuta kuna faida. Nikasema huyu akiingia hapa, mama atamshika mkono, na mimi nitabaki yule bwana wa maji. Nilitaka kabla hajaingia, mama aniite jina langu. Mara moja tu. Halafu nifungue. Nikawa nangoja."

Nyinyi mnatoka vyuoni, pengine mngekuwa na jibu zuri zaidi. Nilichomwambia ni hiki: "Hili ungelisema kwa msuluhishi, ndugu yangu."

"Lingeandikwaje?" akaniuliza.

Fundi Chande aligonga tena, na kupitia tundu tukaona kitambaa cheupe. Ilikuwa shela mojawapo inapepea, na nyuma yake Zuhura, amesimama wima, mikono imekumbatia kifua. Hakusogea wakati tundu linapanuka. Walitazamana yeye na kaka yake kupitia lile vumbi, na hakuna aliyetoa salamu. Nassoro aliinuka. Mwenyekiti wa mtaa akanitupia jicho, akidhani patakuwa na vurugu. Nassoro akainama, akaanza kuokota matofali yaliyoanguka na kuyapanga pembeni, moja moja, asije mtu akajikwaa.

Mshindo wa tofali la mwisho ndio ulimwamsha Bi Kulthum. Tukasikia sauti chumbani, nyembamba, ina kero: "Nani anatwanga?" Nassoro akaingia haraka, akatoka naye, amembeba mikononi kama mnavyombeba mtoto aliyesinzia garini. Bibi alikuwa mdogo kuliko nilivyomdhania siku zile nikiisikia sauti yake ukutani. Akamweka kwenye mkeka, akamfuta vumbi usoni kwa ncha ya kanga.

Zuhura akapita mlango. Fremu ilikuwa haijapachikwa, alipita kati ya meno ya matofali, akainamisha kichwa ingawa palikuwa na nafasi. Akapiga magoti mbele ya mkeka.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu," Bi Kulthum akasema kwa ukarimu, na Zuhura akatoa sauti ndogo. Kisha bibi akamtazama vizuri. Akamtazama uso, nguo, mikono. "Umetumwa na nani?"

"Ni mimi, mama. Zuhura."

"Zuhura yuko shule," Bi Kulthum akasema. Hakusema kwa ukali. Alisema kama unavyomwelekeza mtu aliyekosea nyumba. Akageuza kichwa huku na huku, wasiwasi umemwingia, watu wengi, vumbi, mwanga mpya unaoingia upande ambao haukuwa na mwanga. "Yule wangu yuko wapi? Yule anayenipa uji. Mwiteni."

Nassoro alikuwa nyuma yake, hatua moja.

"Niko hapa, mama."

"Ndiyo," bibi akasema, akampapasa mkono akaushika. "Usiende mbali."

Hakumtaja jina. Nassoro alikaa chini pale pale na kanzu yake safi, kwenye vumbi, mkono wake ndani ya ule mkono, akafunika uso kwa mkono mwingine. Na Zuhura alibaki amepiga magoti. Nilikuwa nimeona watu wanaotolewa vitu ndani, nimeona wanaofukuzwa nyumba, sikuwahi kuona mtu anakabidhiwa haki yake akabaki ameishika namna ile, hajui aiweke wapi. Fundi Chande alitoka nje uchochoroni akajifanya anatafuta maji ya kuchanganyia saruji.

Nilirudi mahakamani mchana, nikaingia kwa hakimu kama alivyoagiza. Nikamwambia mlango umefunguliwa, fremu imepachikwa, hakuna aliyepinga. Akaniuliza na mama je, maana alikuwa amesoma jalada lote. Nikamwambia. Akavua miwani, akaifuta muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Lini aliacha kumtambua?"

"Kwa maelezo ya binti, mvua za mwaka jana bado alikuwa anamjua."

Akavaa miwani. Alasiri ile nilimwona masjala, amesimama mbele ya rafu yake na karani, anashusha majalada ya watu wengine. Niliondoka na matatu mkobani.

Kwa hiyo vijana, mkiona hakimu anawasukuma, mkaambiwa leo na si kesho kutwa, msinung'unike kwamba mnakimbizwa. Karatasi ya makubaliano haiozi, hata uiache miaka. Walio ndani yake ndio wanaozeeka, wanasahau, wanahama, wanakufa. Nendeni haraka, salimieni polepole.

Mimi nilipitia pale baadaye, si kikazi. Nilikuwa karibu na kustaafu, nimekwenda Kariakoo kununua kitambaa cha pazia, miguu ikanipeleka kwa Nassoro. Hakunipunguzia bei hata kidogo, nikajua mambo yametulia. Akaniambia ingia uani, wapo.

Mwanga ulikuwa unashuka kwa ule utaratibu wake. Mlango wa kijani ulikuwa wazi, umewekewa jiwe usijifunge. Bi Kulthum alikuwa ameketi mkekani, na nyuma yake Zuhura anamsuka, vinywele vichache vyeupe, laini kama nyuzi za hariri. Nikavua viatu, nikakaa. Zuhura alinisalimia kwa macho akaendelea kusuka. Alikuwa amenawiri. Aliniambia kwa sauti ya chini kwamba anakuja kila siku, na kila siku anajitambulisha kuwa ni msusi, maana akisema yeye ni Zuhura mama anahangaika, anataka kwenda kumpokea shuleni. Nassoro anampa uji, yeye anamsuka na kumfukiza udi, na mchana wanakula wote watatu.

"Nimekubali," akasema. "Msusi naye anakaa karibu."

Bi Kulthum alikuwa amefumba macho, anaona raha ya vidole kichwani. Nilidhani amelala. Kisha akasema, bila kufumbua, kwa ile sauti ya watu wanaosimuliana habari za nyumbani mchana:

"Msusi, mimi nina binti. Anaitwa Zuhura."

"Nimesikia habari zake, mama."

"Ana maneno mengi, lakini ana moyo mzuri. Siku ukimwona utampenda."

Vidole vya Zuhura vilisimama kidogo kwenye ule utosi, kisha vikaendelea.

"Niambie basi," akasema. "Yukoje?"